Maji, Reli na Vita: Siku Moja kati ya Kahe na Marangu

Katika mkutano mkuu baadhi ya wanachama waliuliza, na waliuliza kwa haki, kwa nini kijitabu cha harambee cha mwaka huu kinachangisha fedha za safari wakati yapo madarasa yanayovuja na zahanati inayongoja dari. Jibu fupi ni kwamba safari hii haiji kula fedha za madarasa, inakuja kuzitafuta. Jibu refu ndilo tunaloliandika hapa. Ni la historia, na historia yenyewe ni ya Vunjo, ingawa vitabu vingi vinaisimulia kana kwamba majeshi yalipita kwenye pori lisilo na wenyewe.

Mpango wenyewe ni wa siku moja. Wageni wanashuka kwenye treni Moshi asubuhi, wanapelekwa Kahe kwa gari, wanapanda Himo hadi Holili kuvitazama vilima vya Latema na Reata, kisha wanakwenda Marangu kwenye maporomoko ya Kinukamori kabla giza halijaingia. Wakati wote wanakuwa na kijana wa kwetu anayeongoza na kueleza. Huyo kijana ndiye hasa tunayemchangia, na tutamrudia.

Tuanze na treni. Kila Desemba sisi wa Dar tunajazana kwenye mabasi, tunalipa nauli iliyopandishwa, tunafika nyumbani tumevimba miguu. Tangu Desemba 2019 treni ya abiria imerudi katika njia ya Moshi, baada ya kukatika kwa zaidi ya miaka ishirini, na mwaka uliofuata ikafika Arusha. Inaondoka Dar alasiri na kufika Moshi asubuhi ya pili. Ni ya polepole, hatuwadanganyi, lakini ina jambo ambalo basi halina: inapita mahali pale pale vita vilipopita. Msafiri anavuka Ruvu mara mbili. Ya kwanza ni Ruvu ya Pwani, ambayo kila mtu wa Dar anaijua kwa sababu ya maji ya bomba. Ya pili ni Ruvu yetu, mto Pangani kabla haujaanza kuitwa Pangani, na inavukwa asubuhi treni ikikaribia Kahe. Ukikaa upande wa kulia, safu ya Upare inaisha na mlima unajitokeza. Mwambie mtoto wako asilale hapo.

Reli hiyo ilianza kujengwa Tanga mwaka 1893. Kampuni iliyoianza iliishiwa fedha njiani na serikali ya Wajerumani ikalazimika kuichukua. Ilifika Korogwe mwaka 1902, Mombo 1905, na Moshi 1911. Kilomita 352 ziliwachukua miaka kumi na minane hivi. Walioifyeka njia na kuchimba matuta walikuwa Waafrika wa kila kabila, wengi wao si kwa hiari, na majina yao hayapo kwenye kibao chochote. Kumbukeni jambo hili, maana litajirudia. Treni ya leo inatoka Dar na si Tanga pekee kwa sababu ya kipande cha kutoka Ruvu hadi Mnyusi kilichofunguliwa mwaka 1963, baada ya Uhuru. Kwa hiyo anayesafiri usiku huo analala juu ya reli ya Tanganyika huru na kuamka juu ya reli ya Mjerumani.

Miaka mitatu tu baada ya gari moshi la kwanza kufika Moshi, vita vikaja. Tarehe 15 Agosti 1914 Wajerumani waliteka Taveta, kipande cha ardhi ya Waingereza kilicho hatua chache kutoka Holili. Wazee wetu hawakuliita tukio hilo Vita Kuu. Taveta lilikuwa soko, palikuwa na wakwe, palikuwa na watu wa kuuziana ndizi na mbuzi. Siku moja ikawa ni mpaka wenye bunduki. Von Lettow-Vorbeck, mkuu wa jeshi la Wajerumani, aliweka makao yake Moshi, na ukitazama ramani unaelewa kwa nini. Nyuma yake alikuwa na reli ya kuleta mizigo kutoka Tanga. Pembeni alikuwa na mlima uliojaa chakula na maji. Mbele yake, mwendo wa siku chache kwa miguu, ilipita reli ya Waingereza ya kutoka Mombasa kwenda Uganda. Mwaka 1915 wote vikosi vyake vidogo vilivuka nyika usiku na baruti, vikalipua reli na madaraja, vikarudi.

Hapa ndipo tunapotaka msomaji asimame kidogo, kwa sababu kiini cha vita vya upande wetu ni maji, jambo ambalo waandishi wengi wanalitaja kwa mstari mmoja na kuendelea na majina ya majenerali. Kati ya Voi na Taveta ni nyika kavu. Mwaka 1915 Waingereza walianza kujenga reli ya kijeshi kutoka Voi kuja kwetu. Wajenzi walikuwa mafundi wa kijeshi na vibarua kutoka India, pamoja na Waafrika wa kubeba na kuchimba. Adui yao wa kila siku alikuwa kiu. Gari moshi la wakati ule lilichemsha maji ili liende, na kama njiani hakuna maji, basi treni inabeba maji ya kujinywesha yenyewe, na mabehewa ya mizigo yanapungua. Ikabidi wavute bomba kutoka vilima vya Bura hadi kambi ya Maktau. Askari waliokaa Maktau na Mbuyuni walikuwa wakigawiwa maji kwa kipimo, huku mchana kutwa wakiutazama mlima wenye theluji na ukanda wa kijani chini yake. Ukanda ule wa kijani ni sisi. Ni vihamba vya Mwika, Mamba, Marangu na Kilema, vilivyokuwa vikinywesha migomba kwa mifongo iliyochimbwa na mababu kabla Mzungu yeyote hajafika.

Mapigano yenyewe tutayapitia haraka. Tarehe 12 Februari 1916 wanajeshi wa Afrika Kusini, wengi wakiwa wageni kabisa nchini, walishambulia kilima cha Salaita, mashariki ya Taveta, wakarudishwa nyuma vibaya. Waliowakinga wakati wa kurudi walikuwa Wabaluchi wa jeshi la India, watu ambao baadhi ya Makaburu hao walikuwa wakiwadharau. Wiki moja baadaye akaja Jenerali Smuts. Badala ya kugonga Salaita uso kwa uso aliwazungusha askari kupitia upande wa ziwa Chala, na Wajerumani wakakiacha kilima. Taveta ikachukuliwa tarehe 10 Machi.

Kesho yake ikafuata Latema na Reata. Simama Holili uvitazame: vilima viwili vyenye mawe na vichaka, katikati pana kijinjia.  Upande wa Wajerumani waliolala kwenye mawe walikuwa hasa askari Waafrika. Upande wa Waingereza walipanda King's African Rifles, wao pia Waafrika, pamoja na Wabaluchi, Warhodesia na Waafrika Kusini. Jioni ya tarehe 11 kanali wa KAR, Graham, aliuawa. Usiku ulikuwa wa kupapasana na visu na singe, na kulipokucha Wajerumani walikuwa wameondoka, kwa kuwa walihofia kuzungukwa. Tunapokuwa pale Holili tunaomba wageni wafikirie jambo moja tu: waliouana katika giza lile walielewana maneno waliyopigiana kelele. Kiswahili kilikuwa pande zote mbili.

Moshi ikaingiwa bila vita kubwa siku chache baadaye, na Wajerumani wakakusanyika Kahe, kwenye reli, kati ya mito. Kahe ya leo watu wanaijua kwa mpunga, vitunguu na joto. Mwezi Machi 1916 ilikuwa ndio mlango wa nchi nzima, kwani aliyeshika Kahe alishika reli. Mapigano ya tarehe 21 Machi yalikuwa kwenye vichaka vya mito Soko na Defu. Wajerumani walikuwa na mzinga mkubwa uliotolewa kwenye manowari Königsberg, ile iliyozamishwa kwenye delta ya Rufiji mwaka 1915, mzinga wa baharini uliofikishwa mpaka kwenye mashamba yetu. Waliuharibu wenyewe wakauacha. Wakalipua daraja la Ruvu, wakarudi nyuma kuelekea Upare kwa kufuata reli. Halafu mvua za masika zikaanyesha, na jeshi lililokuwa likifa kiu Maktau likakwama kwenye tope Kahe. Hapo ndipo reli ya Voi ilipounganishwa na reli ya Tanga, mwaka huo huo wa 1916.

Hizo ndizo habari ambazo kiongozi wa watalii yeyote anaweza kuzisoma kitabuni. Sasa tuseme zile ambazo mara nyingi hazisemwi.

Jeshi la wakati ule lilikwenda kwa vichwa vya watu. Mbung'o na ndorobo waliua farasi, nyumbu na ng'ombe, barabara za magari zilikuwa chache, na reli ilipoishia ndipo mpagazi alipoanzia. Waingereza waliunda kikosi cha wapagazi, Carrier Corps, nacho midomo ya watu wetu ikakigeuza kuwa Kariakoo. Wanahistoria wanakadiria kuwa upande wa Waingereza pekee waliofariki katika kazi hiyo ni karibu watu 100,000, wengi wao si kwa risasi bali kwa kuhara damu, malaria, homa ya mapafu na chakula ambacho matumbo yao hayakukizoea. Mtu aliyekua kwa ndizi na maziwa alipewa unga usioiva vizuri, mzigo kichwani, na mvua. Upande wa Wajerumani haikuwekwa hata hesabu ya kuaminika.

Waingereza walipoichukua Dar es Salaam, Septemba 1916, kikosi hicho kilipiga kambi pale ambapo leo ni Kariakoo. Wenzetu wangapi wa Vunjo wana fremu Kariakoo? Ni wengi sana. Wanafungua milango asubuhi, wanauza vitenge, vipuri na simu, na jina lililo kwenye risiti zao ni jina la kambi ya watu waliochukuliwa majumbani wakabebeshwa risasi za wengine. Nairobi nako wana Kariokor yao. Hatusemi hayo ili mtu aone haya kufanya biashara. Tunasema kwa sababu ajabu hiyo ni ya kwetu, na mgeni akisimuliwa na Mchaga mwenye duka Kariakoo ataikumbuka kuliko tarehe kumi za majenerali.

Taveta pana makaburi ya kijeshi yanayotunzwa vizuri, majani yamekatwa, mawe yamenyooka, kila jiwe na jina. Moshi pia yapo. Tafuta jina la mpagazi wa Kilimanjaro kwenye mawe hayo. Mwezi Aprili 2021 tume ya Jumuiya ya Madola inayotunza makaburi hayo ilikiri hadharani kwamba Waafrika na Wahindi wengi waliokufa katika vita vile hawakukumbukwa kama wenzao Wazungu, ikaomba radhi. Radhi ni kitu kizuri. Kwetu mtu anayekuja kuomba radhi huja ameshika sale. Lakini sale hupokelewa na mwenye kukosewa, na ili ampokee mgeni inabidi ajulikane ni nani. Majina yako wapi?

Yako kwenye koo. Yako kwa bibi ambaye aliambiwa na babake kwamba ndugu yao fulani alichukuliwa akaenda "kusini" asirudi, ndiyo sababu kihamba fulani kikarithiwa na mdogo. Yako kwenye vitabu vya zamani vya parokia na sharika, pale ambapo mke ameandikwa mjane bila kaburi la mume. Mengine yako kwenye majina ya wajukuu, kwani desturi yetu ya kumpa mtoto jina la babu imehifadhi majina ambayo ofisi hazikuyaandika. Wanaojua habari hizi kwa kusikia kutoka kwa walioshuhudia sasa wana miaka themanini na zaidi. Dari la zahanati likichelewa mwaka mmoja litajengwa mwaka wa pili. Hili halina mwaka wa pili kwa kila mzee.

Baada ya vita ile reli ya Voi, iliyojengwa kwa ajili ya kuua, ikabeba kahawa. Badala ya kushuka Tanga, mzigo mwingi wa Kilimanjaro ukaanza kupita Taveta na Voi hadi Mombasa, na watu wa Tanga wakalalamika kwa miaka. Wazee wa vyama vya ushirika, tangu KNPA ya mwaka 1925 hadi KNCU ya 1933, walilijua vizuri suala la njia ipi ni nafuu. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika, mpaka ukafungwa hadi 1983, na Holili ikawa mwisho wa dunia. Leo mpaka uko wazi, malori yanapita, lakini hakuna treni ya kumpeleka abiria kutoka Kahe hadi Voi. Kwenye maeneo mengi ya reli kuukuu chuma kimekuwa kikiibwa na kuuzwa kwa wanunuzi wa chuma chakavu. Tusipoweka alama, mtoto wa Kahe atakua bila kujua kwamba kijiji chake kilikuwa makutano ya reli mbili za dola mbili zilizokuwa zikipigana.

Sasa tupande Marangu, maana mgeni amechoka na jua na ana haki ya kivuli. Kinukamori iko karibu na Marangu Mtoni, maji ya mto Una yanaanguka kati ya miti na hewa inabadilika ghafla. Hapo kuna sanamu ya Makinuka, binti aliyepata mimba kabla ya kuolewa na kuogopa adhabu. Alikwenda ukingoni ajitupe, akajirudi, akageuka aende nyumbani, akakutana na chui, na kwa hofu akaanguka. Viongozi wa wageni wanaisimulia hadithi hiyo kwa mbwembwe, wengine wanaongeza chumvi mpaka chui anakuwa wawili. Sisi tunaona inatosha kama ilivyo. Ila haitoshi peke yake. Anayetoka kutazama Kahe na Holili asubuhi anapaswa kuambiwa, akiwa amesimama mbele ya maji hayo, kwamba maji ya mito yetu ndiyo yaliyolisha migomba iliyolisha jeshi, na kwamba yanateremka hadi tambarare ya Kahe, yanaingia Ruvu chini ya lile daraja lililolipuliwa, yanatulia Nyumba ya Mungu, na kwenda zake hadi baharini Pangani. Anayeondoka na treni ya kurudi Dar atayavuka tena.

Na kuna la kusema juu ya maji yenyewe. Wazee wanasema mito ilikuwa na sauti kubwa zaidi walipokuwa watoto. Miti ya kingoni imekatwa, mifongo mingi imeachwa kwa sababu vijana wa kuitengeneza wako mjini, yaani sisi. Maporomoko yanayotegemewa na wageni yanahitaji msitu, na msitu unahitaji kijiji kinachopata kitu kutokana na wageni hao. Kwa sasa wengi wao huletwa na magari ya mjini, hupiga picha, hunywa kikombe cha kahawa na kuondoka. Kinachobaki Marangu ni kidogo.

Ndiyo maana tunaomba mambo manne. La kwanza ni mafunzo ya vijana wa kuongoza wageni, wa kike kwa wa kiume, kutoka Kahe, Himo, Holili na Marangu, wawe na historia hii kichwani na si kwenye karatasi. La pili ni vibao vya maelezo, kwa Kiswahili kwanza, katika stesheni ya Kahe na mahali pa kutazamia vilima, kwa kibali cha wahusika. La tatu ni miche ya asili ya kupanda kingo za mto juu ya maporomoko. La nne ni daftari la wapagazi: vijana wawili wenye kinasa sauti, nauli na subira, wapite kata kwa kata wakae na wazee. Tukipata ruhusa ya kijiji, majina yatakayopatikana hatutayaandika kwenye zege. Tutapanda masale, sale moja kwa jina moja, kando ya njia ya kwenda maporomoko, kama tunavyopanda penye makaburi ya watu wetu. Sehemu ya kiingilio cha safari, kwa kiwango kitakachoamuliwa na mkutano, itakwenda kwenye mfuko wa madarasa.

Fomu ya mchango iko ukurasa wa mwisho. Nyuma yake tumeacha nafasi tupu kwa makusudi. Kama katika ukoo wenu kuna aliyechukuliwa mwaka ule, andika jina lake, jina la baba yake, na kijiji. Kama hujui, mpigie simu mama au shangazi kabla ya kuirudisha. Wanaokuja Desemba kwa treni tutawapokea stesheni ya Moshi, tukiwa na chai na mtori wa moto, na gari la Kahe litaondoka saa nne kamili.